Rufaa ya Zuio Hufa Lini? Maelezo kwa Vyama Vyenye Mashauri ya Majengo na Mashamba

Aghalabu chama cha ushirika hakiingii mahkamani kwa kupenda. Huingia kwa sababu wanachama wameamka asubuhi na kukuta kufuli geni katika mlango wa ghala lao, au vigingi vipya katika shamba wanalolilima. Hapo kamati hukutana kwa haraka, fedha hutolewa katika mfuko wa chama, na ombi la kwanza linalopelekwa mbele ya hakimu ni la zuio: fulani azuiwe kukitoa chama mahali pake mpaka shauri liishe. Ombi likikataliwa, kamati hukata rufaa. Baada ya hapo wengi hustarehe, wakiamini kwamba madhali jambo liko katika mahkama ya juu, hakuna awezaye kuligusa huku chini.

Imani hiyo ni ya hatari. Rufaa ya zuio huwa hai kwa muda ule tu ambao bado kuna kitu cha kuzuiwa. Likifunguliwa shauri jingine baadaye, la kudai kukabidhiwa jengo au shamba lile lile, na likatolewa hukumu na hukumu ikatekelezwa, rufaa iliyokuwa ikingojewa kwa matumaini hugeuka karatasi tupu. Wanasheria husema rufaa hiyo imepitwa na matukio. Ni wajibu wa kila katibu kulielewa jambo hili kabla halijamfika.

Zuio ni kitu gani

Zuio la muda si hukumu ya mwisho, wala si hati ya umilikaji. Ni amri inayotolewa wakati shauri la msingi linaendelea, ili kitu kinachogombaniwa kisiharibiwe, kisiuzwe wala kisihamishwe kabla haki haijajulikana ni ya nani. Yafanana na nanga. Nanga hailifikishi jahazi bandarini. Hulishikilia tu lisichukuliwe na mkondo.

Mahkama za Afrika Mashariki zina masharti matatu yanayojulikana sana katika kutoa amri hiyo. Yalielezwa na Mahkama Kuu ya Tanzania mwaka 1969 katika shauri la Attilio na Mbowe, na yakaelezwa tena na Mahkama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1973 katika shauri la Giella na Cassman Brown lililotoka Kenya. Sharti la kwanza ni kuwa mwombaji ana dai la maana lenye uwezekano wa kushinda. La pili ni kuwa akinyimwa amri atapata hasara isiyoweza kufidiwa vizuri kwa fedha. La tatu ni kupima ni upande upi utakaoumia zaidi, amri ikitolewa au ikikataliwa.

Katika masharti hayo hamna hata moja lisemalo kuwa jengo ni la mwombaji. Kwa hiyo chama kilichopewa zuio hakijashinda, na chama kilichonyimwa zuio hakijashindwa. Shauri la msingi bado lipo, nalo ndilo litakaloamua haki.

Yafaa pia kuisoma amri yenyewe hadi mwisho, kwani huenda ikawa na muda. Kanuni za mwenendo wa madai za Tanzania Bara, kwa mfano, huweka muda wa zuio usiozidi miezi 6 kwa amri moja, na muda huo huongezwa kwa kuomba. Kanuni za Bara hazitumiki katika mahkama za Zanzibar, lakini funzo ni moja: katibu asidhani kuwa amri ni ya milele kwa kuwa tu hakuna aliyemwambia kuwa imekwisha.

Kwa nini mashauri huwa mengi juu ya jengo moja

Unguja ina historia yake katika jambo la ardhi, na historia hiyo ndiyo inayofanya mashauri yazaliane. Baada ya Mapinduzi ya 1964 Serikali ilitangaza, kwa amri ya mwaka 1965, kuwa ardhi yote ni mali ya Serikali, na watu wengi wakagaiwa eka tatu tatu. Sheria ya Umilikaji Ardhi Namba 12 ya 1992 ikaja kuziweka haki za matumizi ya ardhi katika utaratibu mpya. Sheria ya Mahkama ya Ardhi Namba 7 ya 1994 ikaweka mahkama maalumu ya kusikiliza migogoro hiyo.

Katika Mji Mkongwe nyumba moja yaweza kuwa ya Serikali, ya wakfu, au ya warithi waliotawanyika baina ya Unguja, Dar es Salaam na Maskati. Chama kilichopanga chumba cha chini chaweza kujikuta kinadaiwa na mtu ambaye hakikuwahi kumlipa kodi. Mashambani nako, mila ya Zanzibar inakubali mikarafuu au minazi kuwa na mwenyewe, na ardhi iliyoishika miti hiyo kuwa na mwenyewe mwingine. Hivyo basi shauri moja laweza kuwa la mkataba wa kodi, la pili la mirathi katika Mahkama ya Kadhi, na la tatu la kukabidhiwa nyumba, yote juu ya kuta zile zile nne. Asemaye "kesi yetu iko Mahkama Kuu" hana budi kuulizwa: ni kesi ipi kati ya hizo?

Mfano

Ichukuliwe kwamba chama cha wauza samaki kimepanga ghala karibu na Malindi. Anatokea mtu anayesema ghala ni lake kwa urithi, naye anakitaka chama kitoke. Chama kinafungua shauri kikiomba mahkama itamke kuwa mkataba wake wa kodi ni halali. Ndani ya shauri hilo kinaomba zuio. Mahkama inalikataa zuio, na chama kinakata rufaa.

Miezi inapita. Mrithi yule hakai akangoja. Anafungua shauri lake mwenyewe, akidai akabidhiwe ghala kwa sababu kodi haikulipwa na muda wa mkataba umekwisha. Hati ya wito inaletwa katika ofisi ya chama. Katibu anaipokea, anatia saini, anaitia katika jalada, na katika mkutano wa kamati anasema: "Hili lisitushughulishe, sisi tumekwisha kukata rufaa."

Siku ya kusikilizwa chama hakionekani. Mahkama inamsikiliza aliyehudhuria na kutoa hukumu ya upande mmoja. Hukumu inatekelezwa. Dalali wa mahkama anafika na watu wake. Mizani, makasha ya barafu na nyavu za wanachama vinatolewa njiani, na ghala linapewa mwenye hukumu, ambaye mwezi ule ule anampangisha mfanyabiashara mwingine.

Kisha siku ya rufaa inafika. Wanachama wamejaa katika mabenchi. Majaji wanauliza swali moja: rufaa hii ikikubaliwa leo, amri itakayotolewa itamzuia nani asifanye nini? Chama kiliomba mtu azuiwe kukitoa ghalani, na kimekwisha kutolewa kwa hukumu ya mahkama. Hakuna lililobaki la kuzuiwa. Maji yakimwagika hayazoleki. Rufaa inaondolewa, na pengine chama kinaamriwa kulipa gharama juu ya hasara.

Yafaa kutazama kosa lilikuwa wapi. Huenda hoja za rufaa zilikuwa nzuri, na hakimu wa kwanza alikosea kweli. Chama kilikosa kwa kuupuuza wito wa pili.

Kwa nini mahkama hukataa kusikiliza

Wanachama wengine huona uchungu na kusema kuwa mahkama imewakwepa. Sivyo. Kazi ya mahkama ni kuamua ugomvi ulio hai baina ya watu walio mbele yake, na kutoa amri inayoweza kutekelezwa. Si kazi yake kutoa fatwa juu ya jambo lililokwisha, hata likiwa la kuvutia namna gani.

Kanuni hii ni kongwe, na inafuatwa katika nchi nyingi zenye sheria zilizotokana na Uingereza, Tanzania ikiwamo. Mwaka 1987 ilifika mbele ya Baraza la Malodi la Uingereza rufaa iliyokaribiana sana na mfano uliotolewa hapa. Watu wawili walikuwa wamepanga pamoja nyumba ya halmashauri, na mmoja aliomba amri ya kumwondoa mwenzake nyumbani humo. Mahkama za chini zilisema hazina mamlaka ya kutoa amri hiyo. Rufaa ilipofika juu, upangaji wao wa pamoja ulikuwa umekwisha kabisa. Malodi walisema kwamba hata kama mahkama za chini zilikosea, hakuna amri yoyote iliyoweza kutolewa ili kulitia nguvu jambo hilo. Rufaa ikaishia hapo, na swali la sheria likaachwa bila jibu.

Njia nne zinazoiua rufaa ya zuio

Ya kwanza ni kumalizika kwa shauri la msingi. Zuio la muda hutegemea shauri lililolizaa. Hukumu ikitolewa, au shauri likifutwa au likiondolewa, zuio huanguka pamoja nalo, na rufaa juu ya zuio haina pa kushika. Jambo hili hufanya kazi pande zote mbili. Ikiwa mwenye nyumba ndiye aliyekata rufaa kupinga zuio, na chama kikashinda shauri la msingi, rufaa ya mwenye nyumba nayo imekufa. Hapo chama kisitumie fedha kujibu hoja zake zote. Kinatosha kuionyesha mahkama hukumu ile.

Ya pili ni shauri la baadaye la kukabidhiwa mahali penyewe, kama ilivyoonyeshwa katika mfano. Hii ndiyo inayowakuta watu usingizini, kwa sababu huja kwa namba nyingine ya shauri, pengine katika mahkama nyingine.

Ya tatu ni kitu chenyewe kutoweka au kubadilika. Majengo ya Mji Mkongwe ni ya chokaa na mawe ya matumbawe, nayo huchakaa. Hata Beit al-Ajaib, jengo kubwa na mashuhuri kuliko yote, liliporomoka sehemu yake tarehe 25 Disemba 2020. Aliyeomba mwenzake azuiwe kubomoa ukuta hana zuio la kudai ukuta ukiwa chini. Kinachobaki kwake ni dai la fidia, nalo lina njia yake.

Ya nne ni muda na maafikiano. Amri iliyotolewa kwa muda maalumu ikimalizika, au pande mbili zikipatana, rufaa juu yake hukosa maana.

Pale ambapo rufaa haijafa

Lakini upande wa pili nao usiruhusiwe kusema "imepitwa na matukio" kila unapopenda. Yapo mambo ya kuangaliwa.

Kwanza, je, shauri la baadaye linahusu kitu kile kile? Hukumu inayompa mtu mikarafuu si lazima iwe imempa ardhi. Hukumu ya ghorofa ya juu si hukumu ya duka la chini. Uamuzi wa Mahkama ya Kadhi juu ya nani ni warithi wa marehemu haujasema lolote juu ya mkataba wa kodi alioutia saini marehemu na chama.

Pili, je, chama kilikuwamo katika shauri hilo? Hukumu baina ya ndugu wawili wanaogombania nyumba, ambayo mpangaji hakuitwa, haiwi kwa hiyo peke yake hukumu dhidi ya mpangaji. Chama kikikuta dalali mlangoni kwa hukumu ambayo hakikuhusishwa nayo, kiharakie kupeleka pingamizi katika mahkama iliyotoa amri ya utekelezaji.

Tatu, je, hukumu ya baadaye imesimama? Ikiwa nayo imekatiwa rufaa na utekelezaji wake umesimamishwa kwa amri, chama bado kimo ndani ya jengo, na zuio laweza kuwa na kazi. Ikitenguliwa, hali hurejea kama ilivyokuwa.

Nne, je, kuna jambo jingine lililobaki ndani ya rufaa? Gharama, fidia kwa hasara iliyosababishwa na zuio lililotolewa isivyostahili, na adhabu kwa aliyeivunja amri ilipokuwa na nguvu, ni mambo yanayoweza kuishi baada ya zuio lenyewe kufa.

Tano, je, imethibitishwa? Tangu shauri la Mukisa Biscuit la mwaka 1969, mahkama za Afrika Mashariki zinashikilia kuwa pingamizi la awali liwe la hoja tupu ya sheria, si la mambo yanayohitaji ushahidi. Kuwa kuna hukumu nyingine, na kuwa imetekelezwa, ni mambo ya hakika. Anayeyadai alete nakala ya hukumu iliyothibitishwa na mahkama pamoja na taarifa ya utekelezaji. Maneno ya barazani hayatoshi.

Mipaka ya rufaa yenyewe

Makatibu wajue pia kuwa rufaa ya zuio haina ngazi nyingi. Kutoka Mahkama ya Ardhi rufaa huenda Mahkama Kuu ya Zanzibar. Juu yake ipo Mahkama ya Rufani ya Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1979. Lakini Sheria ya Mamlaka ya Rufani, kwa marekebisho ya Sheria Namba 25 ya 2002, hairuhusu rufaa kwenda huko dhidi ya uamuzi mdogo wa Mahkama Kuu, isipokuwa uamuzi huo uwe umelimaliza shauri lenyewe. Uamuzi wa kutoa au kukataa zuio kwa kawaida haulimalizi shauri. Kwa hiyo kamati inayowaahidi wanachama kwamba "tutakwenda mpaka Mahkama ya Rufani kwa zuio hili" yawaahidi jambo ambalo sheria imeliwekea mlango.

La muhimu zaidi ni hili: kukata rufaa hakusimamishi kitu. Rufaa ya zuio haizuii mashauri mengine kufunguliwa, haisimamishi shauri la msingi, wala haimfungi mikono dalali. Anayetaka kusimamisha jambo hana budi aombe kusimamishwa kwake, na apewe amri iliyoandikwa.

Wajibu wa katibu na kamati

Chama kilichosajiliwa ni mtu mbele ya sheria. Kinashitaki na kushitakiwa kwa jina lake, na hati ikipokelewa ofisini imepokelewa na wanachama wote. Kwa ajili hiyo kila chama chenye shauri kizingatie yafuatayo.

Kuwe na daftari moja la mashauri. Kila shauri liandikwe namba yake, mahkama yake, majina ya pande zote, kitu kinachogombaniwa, na tarehe ya kusikilizwa. Hati mpya ikifika, namba yake ilinganishwe na zilizomo daftarini. Namba ikiwa ngeni, hilo ni shauri jipya na linahitaji jibu jipya.

Hati ya wito ipelekwe kwa mwanasheria siku ile ile, na kamati ijulishwe kwa maandishi. Siku za kujibu huanza kuhesabiwa kwa kupokea, si kwa kukutana.

Katika jibu la shauri la pili, chama kieleze kuwa liko shauri la mwanzo baina ya watu wale wale juu ya kitu kile kile. Sheria ya mwenendo wa madai inaruhusu mahkama kulisimamisha shauri la nyuma mpaka la mbele liishe, au mashauri mawili kuunganishwa yasikilizwe pamoja. Lakini mahkama haitalijua jambo ambalo haikuambiwa.

Hukumu ya upande mmoja ikitoka, chama kiombe mapema itenguliwe, kikitoa sababu ya kweli ya kutohudhuria, na wakati huo huo kiombe utekelezaji usimame. Ombi likicheleweshwa mpaka vitu viko njiani, hata likikubaliwa litakuta ghala lina mtu mwingine.

Kodi iendelee kulipwa na stakabadhi zihifadhiwe. Ikiwa haijulikani nani wa kulipwa, mahkama iombwe kupokea fedha hizo. Chama chenye malimbikizo ya kodi humpa mpinzani wake silaha ambayo zuio haliwezi kuikinga.

Mwisho, kila miezi mitatu kamati ijiulize juu ya kila rufaa: tukishinda leo, tutapata nini? Ikiwa jibu ni amri inayolinda mahali tulipo, iendelezwe kwa nguvu zote. Ikiwa jibu ni kuonyesha tu kuwa hakimu alikosea, iondolewe kwa utaratibu kabla gharama hazijapanda, na fedha zielekezwe katika shauri linaloamua haki yenyewe.

Fedha zinazolipa mawakili ni hisa na akiba za wanachama: za muuza samaki, mkulima wa mwani, fundi cherehani. Hawakuzitoa ili chama kishinde hoja, bali ili kiwe na mahali pa kufanyia kazi. Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao. Katika mambo haya mbacha ni shauri linaloamua ghala ni la nani kulikalia, na msala upitao ni rufaa ya zuio. Chama kisiiache rufaa yenye manufaa, lakini kamwe kisikae juu yake kikasahau mlango wa ghala.